Anayelipa ili aone kiatu kikiponda nyanya anatazama nini?

Msomaji ameandika: “Shikamoo Dokta. Nina umri wa miaka 27, nauza viatu vya mtumba vya kike hapa Dar es Salaam, na wateja wangu wengi nawapata mtandaoni, ambako naweka video fupi nikiwa nimevaa kiatu ili waone kinavyokaa mguuni. Miezi miwili iliyopita mwanamume mmoja wa Ulaya aliniandikia akiomba nimrekodie video nikiwa na mchuchumio, nikanyage nyanya mpaka zipondeke. Alilipa kabla. Baadaye akaomba mkate, kisha vigari vya plastiki vya watoto. Hataki nivue nguo, ila ana masharti mengi: nizime muziki, nikanyage polepole, nisitazame chini, nijifanye naongea na simu. Dada yangu anasema huyo ana jini, rafiki yangu anasema ni mgonjwa wa akili, na mimi nilicheka tu nikapokea hela. Juzi ameomba konokono wazima, na hapo nimeogopa. Anaona nini katika hizi video? Ni ugonjwa? Na je, nimefanya jambo baya?”

Marahaba, mwanangu. Nitaanza na lile ambalo nadhani umekwisha kulihisi ila hakuna aliyekuambia waziwazi: ndiyo, kwa mteja wako video hizo ni jambo la ashiki, hata kama kwako ni nyanya na kiatu tu, na hata kama hakuna nguo iliyovuliwa. Nalitanguliza kwa sababu mengi utakayoamua baadaye yanategemea kulijua hilo. Kazi uliyoombwa ulielezwa vizuri. Matumizi yake ndiyo uliyofichwa.

Jambo lenyewe si geni, wala si la mtu mmoja. Katika miaka ya 1990, kabla intaneti haijawa na kasi ya kubeba picha zinazotembea, walikuwapo watu nchini Marekani na Ulaya waliorekodi kanda za namna hii na kuuziana kwa njia ya posta: miguu ya wanawake, yenye viatu au mitupu, ikiponda matunda, keki, sigara, makopo na vitu vya kuchezea. Intaneti ilipoenea, watu waliokuwa wamejiona wako peke yao duniani waligundua kwamba wapo wengine, na soko likagawanyika katika vijisoko vidogo mno. Yuko anayetaka kisigino chembamba, yuko anayetaka soli nene ya buti, na yuko ambaye mguu haumhusu kabisa, anataka tairi la gari. Sisi tulio nje tunaona mchezo mmoja, lakini wao hutofautiana sana, na mpenzi wa buti anaweza kuutazama mchuchumio wako bila kusisimka hata kidogo.

Wataalamu huliweka jambo hili chini ya neno fetishi, na hapa dada yako aliyetaja jini ameikaribia historia ya neno hilo kuliko anavyodhani. Mabaharia wa Kireno waliofanya biashara katika pwani ya Afrika Magharibi walikuta watu wana hirizi na vitu vya ibada, wakaviita feitiço, neno lao la mambo ya uchawi. Mwaka 1760 Mfaransa Charles de Brosses akaligeuza kuwa neno la kitaaluma kuhusu dini, na mwaka 1887 mwanasaikolojia Alfred Binet, naye Mfaransa, akalihamishia kwenye mapenzi, akimaanisha mtu ambaye mvuto wake umeng’ang’ania kitu fulani, au kiungo fulani cha mwili, kana kwamba nguvu zote za mpenzi zimehifadhiwa humo. Silipendi sana neno hilo, kwa kuwa lilianza kama dharau kwa imani za Waafrika, lakini mfano wa hirizi unasaidia kuelewa. Aliyeivaa haoni kipande cha ngozi kilichoshonwa; anaona kilichomo. Mteja wako naye haoni kiatu cha mtumba.

Basi anaona nini? Jibu umekwisha kuandikiwa naye mwenyewe. Yale masharti uliyoyaona kuwa ni usumbufu ndiyo maelezo ya kinachomvutia, na mtu akiyasoma kwa utulivu hahitaji kukisia mengi.

Tuanze na lile la kukanyaga polepole, kwa sababu ndilo lenye ufunguo. Mtu akisimama sakafuni, uzito wake hauonekani. Kilo sitini zimetulia juu ya saruji, na saruji haisemi kitu. Weka nyanya chini ya soli hiyo hiyo, na ghafla uzito unapata umbo: nyanya inabonyea, inatanuka pembeni, inashikilia kwa kitambo kidogo, kisha ngozi inapasuka. Nyanya imefanya kazi ya mizani. Mimi naamini hiki ndicho kiini cha video hizi, za mguu na za tairi pia: mtazamaji anatazama uzito, ambao kwa kawaida umefichika, ukijitokeza kupitia kitu kinachoshindwa kuuhimili. Ukikanyaga kwa haraka unampa matokeo tu, nyanya iliyopondeka, ambayo angeweza kuiona kwenye jalala la soko lolote bila kulipa. Ukikanyaga polepole unampa kile kitambo ambacho kitu bado kinapinga lakini tayari kimekwisha kushindwa, na hicho ndicho anachokinunua. Kisigino chembamba hukizidisha kwa fizikia ya kawaida ya darasani: uzito ule ule ukikusanywa kwenye eneo la ukubwa wa ukucha, shinikizo linapanda mara nyingi, ndiyo maana mchuchumio unatoboa pale ambapo ndala ingebonyeza tu.

Kuzima muziki ni kwa ajili ya mlio, na katika hili mteja wako hana tofauti kubwa na mimi na wewe. Utotoni tuliweka vifuniko vya soda barabarani tukangoja lori livikanyage, ili tuvitoboe, tuvitie uzi, vizunguke. Tulikihitaji kile kifuniko bapa, ni kweli, lakini sidhani kama tungevumilia jua lote lile kama kungoja kwenyewe, na ule mlio wa mwisho, havikuwa na utamu wake. Mwaka 2015 Lauri Vuohensilta, mwenye karakana katika mji wa Tampere huko Ufini, alianza kuweka mtandaoni video za mashine ya haidroliki ikibana vitu mpaka vinasalimu amri. Mwaka uliofuata ile ya karatasi iliyokunjwa mara nyingi, ambayo badala ya kukunjika tena ilipasuka kwa kishindo, ikatazamwa na mamilioni ya watu. Hakuna anayewaita watazamaji wale wagonjwa. Akili hupenda kubashiri, na kitu kilicho chini ya shinikizo ni fumbo dogo lenye jibu la uhakika: kitapinda, kitavunjika au kitalipuka, nawe utajua ndani ya sekunde chache. Wapo pia watu ambao sauti ndogo za karibu, kama za kunong’ona, kusugua au kukatakata, huwaletea mtekenyo wa kupendeza kichwani na shingoni; watafiti wa Chuo Kikuu cha Sheffield walionyesha mwaka 2018 kwamba watu hao wanapotazama video za namna hiyo mapigo ya moyo wao hupungua. Hiyo ni raha ya kutulia, na kwa walio wengi haina uhusiano wowote na ashiki. Kwa mteja wako mambo haya mawili yameshikana.

Nyanya, mkate na kigari si vitu vya aina moja, na mpangilio wa maombi yake unaeleza jambo. Mwezi Mei 2024 kampuni ya Apple ilitoa tangazo la kishikwambi chake kipya ambamo mashine kubwa iliponda tarumbeta, piano, makopo ya rangi na vifaa vingine vya sanaa. Watazamaji wengi, hasa wasanii, waliudhika kiasi kwamba kampuni iliomba radhi siku chache baadaye. Kitendo kilikuwa kile kile cha Tampere, mashine ikishuka na kitu kikisagika, lakini piano si kipande cha chuma chakavu: ina thamani, ina saa za mazoezi ndani yake, na watu walihisi kwamba kilichopondwa ni zaidi ya mbao na nyaya. Kwa hiyo mwenye kuponda hachagui kitu ovyo. Nyanya inatoa majimaji na inajipasua vizuri, basi. Mkate una mwiko. Nakiri kwamba nilipofika kwenye mkate katika barua yako nilisita, kwa kuwa nyumbani kwetu kipande kilichoanguka kiliokotwa na kuwekwa mahali pa juu ili mtu asikikanyage, na nadhani hata kwenu ni hivyo. Tamaa ya aina hii hupenda kukaa jirani na mwiko, maana jambo lililokatazwa lina joto lake.

Kigari kina kazi nyingine kabisa. Kigari cha plastiki ni gari kamili, lina milango na taa na nafasi ya dereva, ila ni dogo. Likiwa chini ya mguu wako, macho ya mtazamaji yanaweza kulipokea kama gari halisi, na papo hapo kiatu chako kinakuwa cha mtu mwenye urefu wa jengo la ghorofa nyingi. Kuna tawi zima la fetishi hii ambalo mhusika wake ni mwanamke jitu, anayetembea mjini huku majengo yakisagika chini ya nyayo zake bila yeye kukusudia. Sitashangaa kama mteja wako ni wa huko, na vigari ndivyo vilivyonifanya nidhani hivyo.

Kuna sharti la mwisho, ambalo huenda ulilichukulia kuwa dogo kuliko yote: usitazame chini, ujifanye unaongea na simu. Hili kwangu ndilo zito. Tuna methali kwamba wapiganapo tembo, ziumiazo ni nyasi, nasi siku zote tumeisikia kama malalamiko ya nyasi. Sasa mfikirie mtu ambaye, kwa dakika tatu, akiwa salama nyumbani kwake na mlango umefungwa, anataka kuwa nyasi. Wengi wa wapenzi wa video hizi waliojieleza hadharani wamesema kwamba hawajioni kama wavaaji wa kile kiatu, wanajiona wako chini yake. Ukitazama chini ukakikanyaga kitu kwa makusudi, umekipa heshima fulani: umekiona, umekichagua, labda umekikasirikia, na hasira nayo ni aina ya kujali. Ukikiponda huku unazungumza na shoga yako kuhusu bei ya mchele, umekifanya kuwa si kitu, na huko kuwa si kitu mbele ya mtu mwenye nguvu kupita kiasi ndiko kunakomsisimua. Wako pia wanaojiweka upande wa kiatu wakafurahia nguvu, na wako wasiojiweka upande wowote, wanapenda tu umbo la mguu na mlio. Lakini sharti la simu linanielekeza kwa wale wa kwanza.

Utauliza mtu anapataje raha kwa kujidhili namna hiyo. Ujifikirie ukiwa kwenye bembea ya kasi kwenye maonyesho ya Sabasaba, au unatafuna pilipili mpaka machozi yanakutoka na bado mkono unarudi sahanini. Mwanasaikolojia wa Marekani Paul Rozin ameandika kuhusu raha hii ambayo mwili unatishwa huku akili ikijua kwamba hakuna hatari yoyote, na pengo hilo kati ya kinachohisiwa na kinachojulikana ndilo linaloleta utamu. Kwa mtu anayebeba majukumu mengi, au aliyelelewa aone aibu kwa kila tamaa aliyo nayo, kuwazia kwamba uamuzi wote uko kwa mwingine kunaweza kuwa pumziko. Kitu kinachopondwa kinamrahisishia, kwa kuwa kinachukua nafasi yake: kinafanyiwa anayoyawazia, naye anabaki mzima.

Kuhusu chanzo, nitasema yale yenye msingi tu. Mwaka 1966 huko London, Stanley Rachman aliwaonyesha wanaume watatu picha ya buti ndefu za kike ikifuatiwa na picha za wanawake walio uchi, tena na tena, mpaka buti peke yake ikawa inawasisimua. Kisha, buti ilipoonyeshwa mara nyingi bila zile picha, msisimko ukafifia. Jaribio hilo hutajwa mno, na kwa haki linaonyesha kwamba ashiki inaweza kujifunza kitu kisichokuwa chake. Hata hivyo walikuwa watu watatu tu, na mafunzo yao yalifutika kwa urahisi, ilhali fetishi halisi humkaa mtu maisha yake yote. Vilayanur Ramachandran, mtaalamu wa mishipa ya fahamu, alipendekeza sababu nyingine: katika ramani ya mwili iliyoko kwenye ubongo, sehemu inayohisi mguu imepakana na ile inayohisi sehemu za siri, kwa hiyo huenda majirani hao wakavujiana. Ni dhana ya kuvutia, na wanafunzi wangu huipenda, lakini haisemi kwa nini mwingine apende kiatu tu na si mguu, wala kwa nini apende kuona mkate ukipondwa.

Linalojulikana vizuri zaidi ni kwamba mteja wako hayuko pembeni kiasi anachodhani rafiki yako. Watafiti wa Italia mwaka 2007 walichunguza makundi 381 ya majadiliano ya intaneti yaliyohusu fetishi mbalimbali, yenye watu wasiopungua 5,000 kwa makadirio yao, wakakuta kwamba miguu na vitu vinavyovaliwa miguuni ndivyo vilivyoongoza. Kupenda kuona vitu vikipondwa kwa mguu ni kitawi chembamba kwenye tawi hilo nene. Na wengi wanaposimulia walivyoanza, hurudi utotoni, kwenye kumbukumbu ya kukaa sakafuni. Naliona hilo kuwa na mantiki yake: mtoto anayecheza chini huiona dunia ya wakubwa kwa miguu kwanza, miguu mikubwa inayopita karibu na vitu vyake vya kuchezea, na siku moja mmoja wa miguu hiyo hukosea njia. Watoto wengi hulia wakasahau. Kwa wachache sana picha hiyo hubaki, na balehe inapofika huikuta pale pale.

Sasa tuje kwenye ugonjwa. Miaka mia moja na zaidi iliyopita jibu lingekuwa fupi. Daktari Richard von Krafft-Ebing, ambaye kitabu chake cha mwaka 1886 kilikusanya tamaa za kila aina, aliziorodhesha kama upotofu, na Sigmund Freud mwaka 1927 aliandika kwamba fetishi ni namna ya mwanamume kukwepa hofu ya utotoni. Madai ya Freud ni mazuri kwa masimulizi lakini hayajapata ushahidi wa kuyabeba. Leo mambo ni tofauti. Mwongozo wa madaktari wa akili wa Marekani uliotolewa mwaka 2013 unatenganisha tamaa isiyo ya kawaida na ugonjwa: ili paitwe ugonjwa, jambo liwe limedumu kwa muda usiopungua miezi 6 na liwe linamtesa mwenyewe au linamvurugia maisha, kazi au mahusiano. Shirika la Afya Duniani lilikwenda mbali zaidi. Katika orodha yake mpya ya magonjwa, iliyopitishwa mwaka 2019 na kuanza kutumika Januari 2022, fetishi kama utambuzi wa ugonjwa iliondolewa. Tamaa zinazobaki humo kama matatizo ni, kwa sehemu kubwa, zile zinazomhusisha mtu ambaye hakuridhia au hawezi kuridhia. Na katika utafiti wa watu wazima 1,040 wa jimbo la Quebec nchini Kanada, uliochapishwa mwaka 2017, karibu nusu walikiri kuvutiwa na angalau jambo moja kati ya yale ambayo vitabu huyaita yasiyo ya kawaida. Waswahili hawakuhitaji takwimu kulijua hilo. Walisema kipenda roho hula nyama mbichi.

Kwa hiyo mtu anayetazama nyanya zikipondwa, akafurahi, akazima simu akaenda kazini, si mgonjwa. Angekuja kwangu angekuwa na shida ya namna nyingine: hawezi kabisa kuwa na mke wake bila video, au anatumia kodi ya nyumba kuzilipia, au aibu imemfanya ashindwe kulala. Ningemsaidia na hiyo shida, bila kujaribu kumng’oa tamaa yenyewe, kwa kuwa majaribio ya zamani ya kuzing’oa kwa dawa za kutapisha na mishtuko ya umeme yaliwaumiza watu wengi. Jini nawaachia wenye elimu yake. Nitasema tu kwamba hakuna chochote katika barua yako kinachohitaji jini ili kieleweke.

Tumefika kwenye konokono, na hapa sauti yangu inabadilika. Nilisema kwamba nyanya ni mizani: inaonyesha uzito na haidaiwi kitu kingine. Mateso yote yaliyomo kwenye video ya nyanya ni ya kuwazia, yamo kichwani mwa aliyelipa, na yeye ndiye anayeyataka. Kiumbe hai kikiwekwa pale, kuna mwingine anayelipa gharama ya raha hiyo, na huyo hakuulizwa. Umbo la video ni lile lile, kiatu ni kile kile, lakini kilichonunuliwa kimebadilika. Wapenzi wengi wa video za vitu wanaliona hilo kama sisi, na hutangaza waziwazi kwamba hawataki kiumbe chochote ndani yake. Si kweli kwamba kila anayeanza na nyanya lazima afike huko. Huyu wako, lakini, amefika.

Marekani imelipitia suala hili kwa sheria, na njia yake haikunyooka. Mwaka 1999 ilipitishwa sheria ya kukataza biashara ya video za ukatili kwa wanyama, sababu kubwa ikiwa ni kanda za wanyama wadogo kupondwa. Mwaka 2010 Mahakama ya Juu ya nchi hiyo, katika kesi ya mtu aliyeuza video za mbwa wanaopigana, iliifuta kwa kura 8 dhidi ya 1, ikisema imeandikwa kwa upana kiasi cha kugusa uhuru wa kujieleza. Kabla mwaka huo haujaisha ikatungwa nyingine nyembamba zaidi, iliyolenga video hizo hasa, na mwaka 2019 ikaongezwa ile inayofanya kitendo chenyewe, hata bila kurekodiwa, kuwa kosa la shirikisho. Sheria hizo zinataja wanyama wanaonyonyesha, ndege, watambaao na amfibia. Konokono hatajwi. Sijui kama mteja wako aliyafikiria hayo, lakini nimeona mara nyingi kwamba anayetaka kumvusha mtu mpaka huanza na kiumbe ambacho wengi hawakionei huruma. Ukikubali konokono, ombi litakalofuata litakuwa na damu ya moto, na utaambiwa kwamba tofauti ni ndogo kwa kuwa uliwahi kufanya. Kwetu Tanzania ipo Sheria ya Ustawi wa Wanyama ya mwaka 2008, na wewe ndiye unayeishi chini yake. Yeye yuko ng’ambo.

Umeuliza kama umefanya baya. Kwa yale yaliyokwisha kufanyika, mimi sioni ulipomdhuru mtu. Kinachonisumbua kiko upande wake zaidi: alikuingiza kwenye jambo la ashiki bila kukuambia, akategemea kicheko chako na uhitaji wako wa fedha. Ridhaa ya mtu asiyejua anachoridhia ni pungufu, na mteja muungwana angeandika mapema kwamba video hizo humsisimua, kisha akakuachia ukubali au ukatae. Mkate, ukiniuliza kama mama, nisingeukanyaga, na hilo unaweza kulikataa bila kueleza sababu. Sheria ni jambo la kuliangalia pia. Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015 inakataza kuchapisha ponografia kupitia kompyuta, na ingawa kiatu kinachokanyaga nyanya ni vigumu kukiita hivyo, aliyeagiza anakitumia kwa nia ya kimapenzi. Kabla hujaigeuza kazi hii kuwa biashara, zungumza na wakili mwenye kuijua mitandao, asiyekuja juu wala kukucheka.

Jambo jingine ni jina lako. Malipo ya simu humwonyesha mtumaji jina ulilosajilia laini, ukurasa wako wa biashara unaonyesha unapouzia, na sauti yako ukijifanya unaongea na simu inasikika kwenye kila nakala ya video hiyo, ambayo anaweza kuiuza tena kwa wengine wenye ladha kama yake. Hata kama hukumwonyesha uso ukadhani umejificha, umempa vitu vingi zaidi ya uso.

Kumjibu usimtukane wala usimhubirie, kwa kuwa matusi na mahubiri vyote humpa mlango wa kujadiliana. Mwandikie sentensi moja: “Sifanyi video yenye kiumbe hai chochote, na hili halina bei.” Akikubali na kurudi kuomba nyanya, utaamua ukiwa sasa unajua anachonunua. Akirudi na konokono kwa bei mara mbili, mfungie namba siku hiyo hiyo, na zile jumbe zake za awali uzihifadhi, usizifute.